Nchi Iliyokuwa Chini ya Dungu

Wiki iliyopita nilikuta punje moja nyekundu kwenye mchele.

Ninapika kwenye hoteli ndogo hapa Garsen, karibu na pale magari ya Malindi yanaposimama, na kila asubuhi kabla moto haujashika vizuri kazi yangu ya kwanza ni kuchagua mchele. Natandika mkeka mlangoni, nakaa na ungo mapajani, natoa mawe, natoa chuya, natoa na wadudu wakiwepo. Mchele wetu ni wa gunia, unatoka mbali, mweupe kama chaki na mrefu, punje zote zinafanana kama wanafunzi wa sare. Basi katikati ya weupe ule ilikuwa imekaa punje moja nyekundu, fupi, imenona tumboni, kama mtu aliyeingia arusi isiyo yake na akaamua kukaa. Mama mwenye hoteli alishaniambia punje za namna hiyo nizitupe, maana wateja wakiziona wanafikiri ni mambo ya panya. Sikuitupa. Niliiweka kwenye ncha ya leso yangu nikafunga fundo, nikaendelea na kazi huku najichekea, kwa sababu najijua. Mimi nikiona kitu kidogo nakipa miguu, halafu nakifuata kinakokwenda.

Mchana, madereva na wachuuzi wa mbuzi wakishakula na kuondoka, huwa najilaza kidogo nyuma ya jiko, juu ya magunia matupu. Siku hiyo nililala na lile fundo kiganjani, na nikaenda kule.

Sijui kama na wewe, rafiki yangu, una mahali pako unapokwenda ukifumba macho. Mimi ninapo. Kule mto Tana unapita nyuma ya hoteli yetu, mahali ambapo kwa kweli pana ukuta na choo. Daraja la Garsen linaanzia mlango wa jikoni kwa bibi yangu, kule Ozi, na ukilivuka unatokea moja kwa moja kwenye shule niliyosoma Idsowe, ambayo kengele yake, ile rimu ya gari, imening'inizwa kwenye mnazi wa jirani yetu. Ng'ombe wa Waorma wanapita juu ya mapaa ya makuti bila kuvunja hata kuti moja, na vumbi lao linanukia maziwa. Mama yangu anakaa nyumba ya pili kutoka kwa bibi, wanaombana chumvi dirishani, jambo ambalo duniani halikutokea hata siku moja. Na katikati ya yote hayo liko dungu, refu kuliko lilivyokuwa, na kutoka pale juu kamba zimekwenda kila upande na makopo yake: moja mpaka shuleni, moja mpaka mlangoni kwa mama, moja inavuka mto na sijui inaishia wapi. Nikivuta, nchi nzima inalia makopo.

Vitu vyote hivyo nimeviona kwa macho yangu. Hakuna hata kimoja nilichokibuni. Nimevipanga vibaya tu.

Kama hukukulia kwenye mpunga, ngoja nikueleze dungu. Ni jukwaa la miti, limeinuliwa juu kuliko kichwa cha mtu mzima, limeezekwa makuti kidogo ya kukinga jua, linasimama katikati ya shamba. Mpunga ukianza kushika maziwa ndani ya punje, ndege wadogo wanakuja makundi kwa makundi, na kuanzia hapo mpaka mavuno lazima mtu awe juu ya dungu tangu kunapopambazuka mpaka ndege waende kulala. Unakuwa na kombeo na madonge ya udongo, unakuwa na sauti yako, na unakuwa na kamba zilizofungwa makopo na vibati, ambazo ukizivuta shamba lote linapiga kelele. Ni kazi ya watoto. Jua linakupiga, makopo yanakutoboa masikio, na ikifika saa nne njaa inakuja kukaa pembeni yako kama jamaa.

Bibi alikuwa na shamba lake karibu na mto, na maji yake hayakuwa ya mvua wala ya mashine. Bahari ikijaa kule Kipini wakati wa bamvua, inausukuma mto urudi nyuma, na mto ukirudi unapanda taratibu kwenye mifereji na kuingia mashambani, maji matamu kabisa ya kunywa. Yanaingia bila sauti. Unageuka unakuta shina la mpunga limesimama ndani ya maji na ulipotazama kabla ya hapo palikuwa na tope. Kisha bahari inapungua, na maji yanaondoka kwa adabu ileile. Bibi alijua siku zake zote kwa kutazama mwezi, na hakuwahi kukosea.

Mpunga wake ulikuwa mwekundu. Wali wake uliiva mzito, wenye harufu kama ya karanga mbichi zikiwekwa motoni, na ukiliwa na mchuzi wa kambare wa nazi hukumbuki kuongea. Alipewa mbegu na mama yake alipoolewa, na mama yake naye alipewa vivyo hivyo, kwa sababu kwetu mbegu ya mpunga ilifuata wanawake. Siku moja nilimuuliza mpunga ule unaitwaje. Akanitazama kama nimeuliza jina la mkono wake. "Kwani nikikutuma mpunga, utaniletea kunde?" Tukacheka, na mimi sikuuliza tena.

Mbegu hakuiweka guniani. Kila mwaka alichagua ukanda mmoja wa shamba, ule uliokuwa karibu na dungu, akauacha uive mpaka mwisho. Hakuruhusu mtu mwingine kuuvuna. Alipita mwenyewe na kisu kidogo, suke kwa suke, akayafunga mafungu na kuyaning'iniza jikoni juu ya mafiga, yakanywa moshi mpaka msimu mwingine ili wadudu wa bungua wasiyaguse. Na aliyelinda ukanda ule alikuwa lazima awe msichana wa nyumba ileile. Mtu wa kulipwa hakukubaliwa, hata awe hodari vipi. Mwaka wangu ulipofika nilijiona nimekuwa mtu. Nilikuwa na umri wa kung'oka meno ya mbele.

Kabla ya mwaka huo mto ulifurika. Maji yaliingia mpaka jikoni na kubeba karibu mafungu yote ya mbegu, na sisi tukapandishwa mtumbwini kwenda mahali pa juu. Bibi aliacha sufuria, akaacha mikeka, akaacha kuku wawili aliowapenda, lakini alipokuwa anapanda mtumbwi alikuwa na kilemba kikubwa kichwani kuliko kawaida. Ndani yake alikuwa amefunga fungu moja. Wanawake walimcheka wakasema bibi kizee anataka kuolewa upya ndiyo maana amejifunga vile. Naye akawajibu kwamba wao wakitaka mbegu ya kuolewa nayo waje waombe.

Kwa hiyo ukanda nilioulinda mimi ulikuwa umetoka kwenye fungu lile moja. Sehemu nyingine ya shamba alipanda mbegu ya kuomba kwa watu. Siku ya kwanza ya kulinda alinipandisha dunguni, akanionyesha kwa kidole mpaka wa huku na mpaka wa huku. Alikuwa ananiita mke mwenzangu, kama bibi wa kwetu wanavyowatania wajukuu wa kike, lakini siku hiyo hakutania. "Kule kukiliwa tutashinda njaa, tutaomba kwa watu, watatupa," akasema. "Hapa pakiliwa, mama, hakuna wa kumwomba." Nikamwambia nimesikia. Na nilikuwa nimesikia kweli, ndiyo kinachoniuma.

Sasa nikuambie juu ya nchi yangu.

Mama alikuwa anafanya kazi huku Garsen, anaosha vyombo na kufua nguo za watu, na alikuwa akija Ozi mara chache mno. Alikuwa akituma neno kwamba anakuja, tunafagia uwanja, bibi anachinja jogoo rohoni mwake, halafu linakuja neno lingine kwamba imeshindikana. Mimi sikuwa mtoto wa kulia. Nilikuwa mtoto wa kupanga. Bamvua ilipoingiza maji shambani, nililala kifudifudi juu ya dungu na kuchungulia chini kati ya miti ya sakafu, na mle majini nilikuwa naona nchi nyingine: minazi imesimama juu chini, mawingu yako miguuni, na dungu jingine lina mtoto anayenitazama. Nikaanza kuijenga. Nikaweka nyumba ya mama pale palipokuwa na kivuli cha mgomba. Nikaweka ya bibi karibu. Nikaweka hoteli anayofanya kazi mama, ambayo nilikuwa sijaiona, kwa hiyo niliipa ngazi nyingi na mapazia. Maji yalipopungua nchi ilikauka, na nilisubiri bamvua nyingine kama watu wengine wanavyosubiri sikukuu.

Sikuacha kulinda. Nilipata ustadi wa kuvuta kamba kwa kidole cha mguu huku macho yako chini. Jirani yetu, mzee mmoja mwenye shamba lililopakana na letu, alikuwa dunguni kwake kila siku kwa sababu wajukuu wake walikuwa wote wavulana na wote walikuwa mtoni kuogelea. Alikuwa ananipigia kelele kutoka kule, "Weee mke wa watu, umekufa?" nami navuta kamba, makopo yanalia, naye anacheka. Ndivyo tulivyokuwa tunapitisha siku.

Kisha mama akatuma neno kwamba anakuja, na kwamba safari hii ni kweli. Siku yenyewe bibi aliamka mapema, akaacha uji motoni na kwenda kwenye gati kungoja mtumbwi. Akaniambia uji atauleta mwenyewe, pamoja na mama. Nikapanda dunguni na njaa yangu. Bamvua iliingia asubuhi ile, maji makubwa, na upepo haukuwapo kabisa, hata jani halikutikisika. Sijawahi kuiona nchi yangu imetulia vile. Nikalala kifudifudi nikaanza kumtengenezea mama mlango, kwa sababu niliwaza akija leo nimwonyeshe.

Ndipo wakaja ndege.

Niliwaona, rafiki yangu. Niliwaona mle majini, wanapita chini ya mawingu ya kule, wengi, wanageuka wote pamoja kama shuka ikikung'utwa. Nchi yangu ilikuwa haijawahi kuwa na ndege. Nikafurahi. Nikawaambia karibuni, kwa sauti, hivyo hivyo, karibuni. Waligeuka mara ya pili, wakashuka juu ya nyumba ya mama, maji yakatikisika na kila kitu kikavunjika vipande. Nikabaki nimetazama nikingoja maji yatulie ili niwaone tena. Kamba ilikuwa kwenye kidole cha mguu wangu muda wote.

Kilichoniinua ni jirani. Alikuwa amepiga kelele mpaka sauti ikamwisha, akashuka dunguni kwake na kukimbia ndani ya maji na debe, analipiga kwa fimbo. Nilipoinuka ndege walinyanyuka mara moja, na sauti ya mabawa yao ninayo mpaka leo. Masuke yote ya ukanda ule yalikuwa yamesimama wima. Suke lenye punje linainama, hata mtoto anajua. Haya yalikuwa yamesimama kama vijiti.

Bibi alikuja juu ya tuta na bakuli la uji limefunikwa sahani. Alikuwa peke yake. Nikaona hivyo kwanza, kwamba yuko peke yake, kabla sijaona uso wake. Bibi alisimama, akashika suke moja akalipitisha kati ya vidole, halafu lingine, akaenda hivyo mpaka mwisho wa ukanda na kurudi, na uji hakuuweka chini. Alipofika chini ya dungu akainua uso.

"Ulilala, mama?"

Nikasema ndiyo.

Sikufikiria. Neno lilikuwa jepesi, lilikuwa limeshatengenezwa, bibi alikuwa amenishikisha mwenyewe. Mtoto akilala, nani atamlaumu? Lakini mtoto aliyewaona akawakaribisha, huyo sikujua anafanywa nini.

Bibi akapanda ngazi, akanipa uji, akakaa pembeni yangu nikanywa. Ulikuwa umepoa. Hakunipiga wala hakunigombeza. Jioni wanawake walipokuja kutoa pole, maana kwetu mbegu ikipotea watu wanakuja kama msiba, niliwasikia kutoka ndani. Mmoja alisema mtoto angechapwa ajue. Bibi akasema kosa ni lake. Alisema alimwacha mtoto juani bila kitu tumboni, akaenda kungoja mtumbwi ambao alijua moyoni kwamba hautaleta mtu. Alisema hivyo kwa kila aliyekuja. Baadaye alikuwa anasema hata bila kuulizwa, akiwa anatwanga, akiwa anapepeta: ningempa uji kwanza. Miaka. Na mimi nilikuwa pale, nashika ungo upande wa pili.

Alitembea kuulizia mbegu yake. Alikwenda mashamba ya jirani na ya mbali, akapewa mbegu nzuri kutoka mikono ya watu wema, nyeupe, na nyingine nyekundu kidogo. Alipanda, tukala. Alikuwa anaweka tonge mdomoni, anatafuna polepole, kisha anasema ni mzuri. Harufu ile haikurudi jikoni kwetu.

Mwaka uliofuata mama alikuja kweli akanichukua, tukahamia Idsowe, nikasoma mpaka darasa la nane na hapo pakanitosha. Bibi alifariki nikiwa darasa la sita. Kila likizo kabla ya hapo nilikwenda na neno langu tayari, na kila likizo nilikuta amefurahi mno kuniona, ananiuliza mimi mke mwenzake nimemletea bwana gani kutoka mjini, au nimemwacha yeye hana, nami nacheka, na siku zinakwisha.

Kuna kijana wa mambo ya kilimo anayekula hapa hotelini. Siku moja nilimuuliza kama wale watu wanaohifadhi mbegu za zamani wanaweza kuwa na mpunga mwekundu wa Ozi. Akatoa kalamu kwa heshima kabisa. "Unaitwaje?" Nikamwambia unaitwa mpunga. Akacheka, na mimi nikacheka, nikamwongezea chai.

Mwaka jana nilikwenda Ozi mwenyewe kutazama. Mto umepoteza nguvu, na bahari ikijaa siku hizi inayoingia mashambani ni bahari yenyewe. Pale palipokuwa na shamba la bibi pamekuwa peupe, chumvi imekauka juu ya udongo kama majivu, na hakuna anayelinda kitu. Jirani yetu hayupo. Nilisimama nikatafuta angalau shimo la nguzo ya dungu. Hata ndege hawakuwapo. Wangekuja kula nini?

Kwa hiyo kilichobaki ni kule ninakokwenda mchana. Siku ile ya punje nilikuwa juu ya dungu langu refu, nimekaa wima, macho mbele. Kule sichungulii chini. Mpunga wote ulikuwa umeiva na kuinama, mwekundu mpaka darajani, mpaka shuleni, kwa sababu kule nalinda vizuri sana. Nikamwona bibi anakuja juu ya tuta na bakuli lake limefunikwa sahani. Huwa anakuja hivyo, anainua uso, ananiuliza swali lilelile, na siku zote hata kule nimekuwa namjibu ndiyo.

Safari hii nikasema, "Sikulala, bibi. Niliwaona."

Nikangoja. Alinitazama, na uso wake haukukasirika wala haukulegea, ulikaa tu. Ndipo nikaelewa. Nchi ile nimeijenga kwa nilivyoviona na nilivyovisikia, hakuna zaidi, na jibu la neno lile sikuwahi kulisikia. Sikumpa siku hata moja ya kulisema. Basi akasimama pale na uji unaopoa, na angesimama mpaka leo kama mama mwenye hoteli asingeniita kwamba kuna watu watano wanataka wali.

Punje bado ninayo. Juzi nilipofua leso niliifungua nikaiweka kwenye kikombe, na leso ilipokauka nikaifunga tena. Mama mwenye hoteli akaniona, akauliza ninaficha nini. Nikamwambia ni mpunga. Akaja karibu, akaitazama kiganjani mwangu.

"Huo ni mchele, wewe. Umeshakobolewa. Hauoti."

Nikamwambia najua.